Jinsi ya Kuifuata Kazi ya Hideko Takamine, Filamu kwa Filamu: Mwongozo Kamili

Katika filamu nyingi kubwa za mwigizaji wa kike wa Japani Hideko Takamine hufika mahali mtu anamjia akitaka pesa. Kaka anataka ada ya wakili. Ndugu wanagombea fedha za bima ya marehemu. Mpenzi aliyemtesa miaka nenda rudi anakuja kukopa pesa za kumzika mke wake. Takamine huinamisha macho kidogo, hukaa kimya, kisha mara nyingi hutoa. Nilipoanza kuangalia filamu za Kijapani za zamani sikuliona jambo hili. Nilikuwa nazirukia ovyo, leo ya 1954, kesho ya 1941, na mwigizaji yule yule akanipita mbele ya macho bila kumjua. Mwongozo huu ni wa mtu anayetaka kumjua vizuri, hata kama hajawahi kuona filamu moja ya Kijapani isiyo na panga wala mazimwi.

Hatua ya kwanza: lijue jina, usije ukamfuata mtu mwingine

Wajapani hutanguliza jina la ukoo, hivyo kwao ni Takamine Hideko, na kwa maandishi yao ni 高峰秀子. Nakili herufi hizo nne uziweke kwenye simu, kwa sababu ukitafuta kwa herufi zetu peke yake utakosa mengi. Zinakulinda pia na kosa moja linalowapata wengi: yuko mwigizaji mwingine wa zama hizo hizo, Mieko Takamine (高峰三枝子), naye nyota mkubwa na mwimbaji. Hawana udugu wowote. Herufi mbili za kwanza zinafanana, kwa hiyo angalia zinazofuata.

Jina lenyewe lina historia inayofaa kujulikana mapema. Hideko alizaliwa Hakodate, kisiwa cha Hokkaido, tarehe 27 Machi 1924, akiwa wa ukoo wa Hirayama. Mama yake alifariki yeye akiwa mdogo sana, akachukuliwa na shangazi yake aitwaye Shige. Huyo shangazi aliwahi kuwa benshi, yaani msimulizi aliyesimama kando ya turubai enzi za filamu bubu na kuwaeleza watazamaji kinachotokea, akiwasemea wahusika wote kwa sauti zake mwenyewe. Aliyekulia kwenye vibanda umiza vyetu, akimsikiliza mtafsiri akiipa filamu ya Hong Kong uhai wa Kiswahili, hahitaji kuelezwa zaidi kazi hiyo ni ya namna gani. Jina la usanii la Shige lilikuwa Takamine Hideko. Mtoto alirithi jina pamoja na sinema yenyewe.

Mwaka 1929, akiwa na miaka mitano, alipelekwa studio za Shochiku zilizokuwa Kamata, Tokyo, walikokuwa wakitafutwa watoto wa kuigiza filamu iitwayo *Haha*, maana yake "Mama". Akachaguliwa. Tangu siku hiyo alikuwa mfanyakazi. Aliigiza wasichana na hata wavulana, shule akaisikia kwa mbali, na mshahara wake ukawa unalisha watu wazima. Watu wakampa jina la kumdekeza, Deko-chan. Shikilia hili akilini, kwani ndilo litakalokufanya uone uzito pale anapoigiza mwanamke aliyechoka kutegemewa.

Hatua ya pili: andaa daftari na chanzo cha filamu

Daftari ligawe safu tatu. Ya kwanza: mhusika wake anafanya kazi gani. Ya pili: nani anamwomba pesa au kumtegemea. Ya tatu: mwili wake unajibu vipi, macho, mabega, mikono, miguu. Maneno yake usiyaandike. Safu ya tatu itakusumbua mwanzoni, ila ndiyo yenye thamani kuliko zote.

Kuhusu chanzo, tafuta nakala zenye tafsiri iliyoandikwa chini ya picha. Kampuni ya Criterion ya Marekani imetoa kwenye diski *Nijushi no hitomi* na *Onna ga kaidan wo agaru toki*. Taasisi ya Filamu ya Uingereza, BFI, imetoa *Ukigumo*. Ukiwa unategemea bando, jua muda kabla hujaanza. *Ukigumo* ni kama saa mbili na dakika chache, *Nijushi no hitomi* inapita saa mbili na nusu, *Midareru* ni saa moja na nusu na ushei. Na kama tafsiri inakukimbia, rudisha nyuma bila aibu. Filamu hizi hazina haraka, nawe usiwe nayo.

Usizitazame mbili kwa usiku mmoja. Nimewahi kufanya hivyo, na ile ya pili ikapotea kabisa.

Hatua ya tatu: anza na ngazi

Usianze na utoto wake. Anza mwaka 1960, na *Onna ga kaidan wo agaru toki*, "Mwanamke Anapopanda Ngazi", ya mwongozaji Mikio Naruse. Hapo yuko kwenye kilele, na kila alichojifunza kwa miaka thelathini kinaonekana.

Anaigiza Keiko, mjane anayeendesha baa ya ghorofani mtaa wa Ginza, Tokyo. Wahudumu na wateja wanamwita "Mama". Umri unakwenda na njia zilizo mbele yake ni mbili: aolewe, au afungue baa yake mwenyewe kwa fedha za wateja wake, nao hakuna anayetoa bure. Kila jioni analazimika kupanda ngazi za baa, na kila mara kamera inaionyesha miguu yake. Hapa ndipo kalamu ifanye kazi. Linganisha upandaji wa kwanza na wa mwisho. Tazama mkono unavyoshika kimono, bega linavyokaa sawa kabla mlango haujafunguliwa, tabasamu linavyovaliwa kama apron. Mavazi ya filamu hii aliyasimamia mwenyewe, kwa hiyo kimono unachokiona ni sehemu ya uigizaji wake. Keiko hawezi kuvaa cha bei rahisi, kwa sababu mteja wa Ginza huja kuangalia kimono pia, na gharama hiyo inamla.

Safu ya pili itajaa haraka. Kaka yake anataka pesa za wakili, kisha za operesheni ya mwanawe mwenye polio. Mama yake anamlaumu kwa kuishi kianasa, hajui kwamba anasa hiyo ndiyo kazi yenyewe. Sitasimulia wanaume wanaomzunguka, ila utakapofika kwenye kituo cha treni karibu na mwisho, zima kila kitu kingine chumbani. Anachokifanya pale mbele ya familia ya mtu mwingine, kwa adabu kamili, ni miongoni mwa matukio makali kuliko yote niliyowahi kuona kwenye sinema, na hakuna sauti inayopandishwa.

Hatua ya nne: zielewe kampuni, ndipo utamwelewa

Sasa rudi nyuma kidogo, maana ukubwa wa Takamine haukutokana na uso tu. Sinema ya Japani iliendeshwa na kampuni chache kubwa zilizomiliki studio, majumba ya sinema na mikataba ya waigizaji. Mwigizaji wa kampuni moja hakwenda kuigiza kwa jirani.

Yeye alitoka Shochiku akaenda Toho mwaka 1937, akiwa binti wa miaka kumi na mitatu. Vita vya Pili vya Dunia vilipokolea, picha zake zilikuwa mikononi mwa askari wa Japani. Vita vilipokwisha 1945, nchi ikawa chini ya jeshi la Marekani, likabaki na mamlaka hadi Aprili 1952, nayo maandiko ya filamu yakawa yanakaguliwa na maofisa wa Marekani. Msichana yule aliyewaimbia askari wa Japani akajikuta anawaimbia Wamarekani. Hakuna somo la historia lililonifundisha nini maana ya kushindwa vita kama jambo hili moja.

Kisha migomo. Vyama vya wafanyakazi vilikuwa na nguvu mno ndani ya Toho, na kati ya 1946 na 1948 kampuni ilitikiswa mara tatu. Nyota kumi, Takamine na Setsuko Hara wakiwamo, walijitoa kwenye chama wakaunda kundi lao, na kutoka hapo ikazaliwa kampuni ya Shintoho mwaka 1947. Mgomo wa tatu ulifikia mahali pa kutisha: tarehe 19 Agosti 1948 jeshi la Marekani lilipeleka vifaru na ndege kwenye studio za Toho kuwasaidia polisi kuwaondoa wagomaji. Wajapani wakabaki na msemo kwamba kilichokosekana ni manowari tu.

Mwaka 1950 Takamine akaondoka Shintoho pia, akakataa kufungwa na kampuni yoyote. Pima ujasiri huo. Mwaka 1953 kampuni tano zilisaini makubaliano ya kutonyang'anyana waigizaji, na wengi wakabaki wamekwama walipokuwa. Yeye alikuwa huru. Ndiyo maana utamkuta kwa Naruse huku na kwa mwongozaji Keisuke Kinoshita kule, kampuni tofauti, mwaka mmoja. Katika daftari lako andika jina la kampuni kando ya kila filamu, uone alivyovuka mipaka ambayo wenzake hawakuweza kuivuka.

Hatua ya tano: Kinoshita, kwanza kwa kicheko

*Karumen kokyo ni kaeru*, "Carmen Anarudi Nyumbani", ya 1951, ni filamu ndefu ya kwanza ya Japani yenye rangi, iliyopigwa kwa mkanda wa Fuji. Takamine ni mcheza dansi ya kuvua nguo kutoka Tokyo, anayerejea kijijini chini ya mlima Asama akiamini kwa moyo wote kwamba yeye ni msanii. Mkanda ule ulihitaji mwanga mwingi, hivyo sehemu kubwa imepigwa nje, juani. Kampuni haikuwa na uhakika na rangi, kwa hiyo filamu ikapigwa pia kwa nyeusi na nyeupe, kila tukio mara mbili. Itazame kwa furaha yake. Baada ya kazi hiyo alisafiri akakaa Paris kwa miezi kadhaa, mbali na kamera na mbali na waliomtegemea, na aliporudi uigizaji wake ulikuwa umetulia zaidi.

Kisha *Nijushi no hitomi*, "Macho Ishirini na Manne", ya 1954. Mwalimu Oishi anafika kwa baiskeli na mavazi ya kizungu kufundisha watoto kumi na wawili kwenye kisiwa cha Shodoshima mwaka 1928. Filamu inawafuata hadi baada ya vita, karibu miaka ishirini. Kinoshita alitafuta ndugu wa kweli, wadogo na wakubwa wao, ili mtoto akikua sura ibaki ya ukoo ule ule. Katikati yao Takamine anatoka kuwa msichana hadi kuwa mjane mwenye mvi. Andika alivyobadili mwendo. Mwanzo anakanyaga pedali kama mwenye upepo wake. Baadaye hatua inakuwa fupi.

Kinachonigusa zaidi ni kwamba mwalimu huyu hana uwezo wa kumwokoa mwanafunzi yeyote. Wasichana wanatolewa shule kwenda kufanya kazi, wavulana wanakwenda vitani, naye anachoweza ni kuwajali na kulia. Kuna watazamaji wanaoudharau wingi wa machozi yake. Sikubaliani nao. Katika nchi iliyokuwa imewafundisha akina mama wasilie wanapoaga watoto wao, mwalimu anayelia wazi alikuwa anasema jambo zito. Wahakiki wa jarida la Kinema Junpo waliiweka filamu hii ya kwanza kwa mwaka 1954. Ya pili ilikuwa *Onna no sono*, ya Kinoshita yule yule na mwigizaji yule yule. *Samurai Saba* ya mwongozaji Akira Kurosawa ilishika ya tatu. Marekani nako iliipa tuzo ya Golden Globe ya filamu ya kigeni.

Hatua ya sita: Naruse, polepole

Alifanya filamu kumi na saba na Mikio Naruse, kuanzia 1941 hadi 1966. Huwezi kuzimaliza kwa pupa. Naruse alikuwa mtu wa maneno machache mno kwenye seti; alikuwa akifuta mazungumzo kwenye maandiko na kuuachia uso useme. Ndiyo sababu ya ile safu ya tatu.

Anza na *Inazuma*, "Radi", ya 1952. Ni fupi na ina ucheshi mchungu. Takamine anatembeza watalii kwa basi, ni kitinda mimba wa mama mmoja aliyezaa watoto wanne kwa baba wanne. Shemeji yake anafariki na kila mmoja anayakodolea macho malipo ya bima. Hapa anaigiza mtu aliyechoka na ndugu zake ilhali anawapenda, na ugomvi wa mwisho na mama yake unafanana na ugomvi wa nyumba yoyote yenye chumba kimoja na watu wengi.

Ukimaliza, pumzika siku mbili. Inayofuata ni *Ukigumo*, "Mawingu Yaeleayo", ya 1955, kutoka riwaya ya Fumiko Hayashi. Yukiko alikwenda Indochina, eneo la Vietnam na jirani zake, wakati wa vita kama mpiga chapa, akapendana na ofisa wa misitu aitwaye Tomioka. Wanarudi Tokyo iliyobomoka. Yeye amempa moyo wote, mwanamume ana mke, tena hana msimamo. Picha za Indochina zinang'aa mwanga wa jua, za Tokyo ni tope na vibanda. Mara kwa mara Naruse anawaonyesha wakitembea bega kwa bega bila kufika popote. Hesabu matembezi hayo, na kila mara andika nani yuko hatua moja mbele. Kuna saa Yukiko anachekesha, kuna saa ni mkali hadi unamwogopa, na Takamine hamwombei huruma hata mara moja. Filamu iliongoza orodha ya Kinema Junpo mwaka huo, naye akatuzwa kama mwigizaji bora wa kike. Mwaka huo huo aliolewa na Zenzo Matsuyama, aliyekuwa msaidizi wa Kinoshita, mwenye kipato kidogo kuliko chake kwa mbali.

*Nagareru* ya 1956 ni ya kumwona akiwa miongoni mwa wakubwa: Kinuyo Tanaka, Isuzu Yamada na Haruko Sugimura, wote ndani ya nyumba moja ya geisha, wanawake wa kutumbuiza wageni kwa muziki na ngoma, inayozama kwenye madeni. Yeye ni binti wa nyumba aliyekataa kuwa geisha. Mfuatilie akiwa pembeni. Mwigizaji mkubwa utamjua pia kwa anavyosikiliza.

Hatua ya saba: miaka ya sitini

Mwaka 1958 Wajapani walinunua tiketi za sinema zaidi ya bilioni 1.1, na haijawahi kufikiwa tena. Televisheni iliingia majumbani, na studio zikaanza kusinyaa. Kipindi hicho Takamine alifanya kazi za kipekee. Katika filamu ya kwanza ya mumewe kuongoza, *Na mo naku mazushiku utsukushiku* (1961), anaigiza mwanamke kiziwi anayetumia lugha ya alama. Ukiwa umeizoea safu ya mikono kwenye daftari, filamu hii itakupa kurasa nzima. *Muhomatsu no issho* (1958), akiwa na Toshiro Mifune, ilitwaa tuzo ya Simba wa Dhahabu kwenye tamasha la filamu la Venice. Nzuri, ila humo yeye ni wa kutazamwa na mwanamume tu, kwa hiyo ipe nafasi ya mwisho ukikosa muda.

Ambayo hupaswi kuikosa ni *Midareru* ya 1964, iliyompa tuzo ya uigizaji kwenye tamasha la filamu la Locarno. Reiko ni mjane wa vita aliyeliinua duka la wakwe zake kutoka kwenye majivu na kulilea miaka kumi na minane. Sasa supamaketi imefika mjini, mayai yanauzwa kwa bei ambayo duka dogo haliwezi kuifuata, na shemeji mdogo anatamka kwamba anampenda. Baadaye inakuja safari ndefu ya treni kwenda kaskazini, na kijana anasogea kiti kwa kiti. Katika picha ya mwisho kamera inabaki na uso wake. Izuie hapo hapo, urudie mara tatu: bila sauti, kisha kwa sauti, kisha tena bila sauti.

Ukitaka kumwona akiwa upande wa pili wa mamlaka ya nyumbani, tafuta *Hanaoka Seishu no tsuma* ya 1967, ambamo yeye ndiye mama mkwe.

Naruse alifariki Julai 1969. Kabla ya hapo alimweleza Takamine ndoto ya filamu moja ambayo angeifanya naye: bila mandhari, bila rangi, mapazia meupe tu na waigizaji. Haikufanyika. Takamine mwenyewe aliacha sinema mwaka 1979, baada ya filamu ya mwisho kwa Kinoshita, akiwa na miaka hamsini na mitano, na akaendelea kuandika. Kumbukumbu za maisha yake zilikuwa zimekwisha pata tuzo ya waandishi wa insha wa Japani mwaka 1976. Mtu aliyekosa shule. Alifariki Tokyo tarehe 28 Desemba 2010.

Hatua ya nane: malizia na farasi

Nimekuficha makusudi filamu ya 1941, *Uma*, "Farasi", ya Kajiro Yamamoto, msaidizi wake akiwa Akira Kurosawa kabla hajawa mwongozaji. Ilipigwa katika majira yote manne ya mwaka, kila majira na mpiga picha wake. Takamine bado ni binti, anaigiza Ine, mtoto wa wakulima maskini wa kaskazini anayemlea mwanafarasi tangu azaliwe. Familia ina deni. Mwanafarasi atakuwa wa kuuzwa, na mnunuzi ni jeshi.

Fungua daftari ukurasa wa mwisho na ujaze safu kama kawaida. Kazi: mkulima, baadaye kibarua wa kiwanda cha nyuzi. Anayetegemea: nyumba nzima. Kisha mwone anavyomhangaikia farasi, halafu rudi ukurasa wa kwanza, usome ulichoandika kuhusu miguu ya Keiko kwenye ngazi.